Mkono wa Nani

Giovanni Lombardo Radice wa Roma alikuwa mtu wa tamthilia za jukwaani, lakini kilichomtambulisha kwa watu ni kufa vibaya. Katika filamu ya Lucio Fulci ya 1980, baba mwenye hasira anamlaza kwenye meza ya karakana na kumsukuma kichwa kwenye keekee ya umeme, mpaka ncha inatokea upande wa pili. Mwaka huohuo, kwa Antonio Margheriti, anapigwa risasi ya tumbo na kamera inachungulia kupitia tundu lake. Watayarishaji wa Italia walipenda majina ya Kiingereza ili filamu ziuzike nje. Mario Girotti aligeuka Terence Hill, na Radice akawa John Morghen.

Mimi ni mchinjaji, na kwa damu ya rangi sina ugomvi. Radice aliinuka pale mezani akanawa. Kila aliyekuwapo alijua ni mchezo.

Ugomvi wangu uko kwenye Cannibal Ferox ya Umberto Lenzi, ya 1981, iliyopigwa Amazon upande wa Kolombia. Humo wanyama waliuawa kweli. Radice anacheza Mike, muuza dawa za kulevya kutoka New York, na alitakiwa amchome kisu nguruwe mdogo. (Nguruwe simgusi, lakini roho ni roho.) Akakataa. Lenzi akambembeleza, akakataa tena. Basi akasimamishwa mtu mwingine, kisu kikapita, na kwenye filamu tendo likabaki la Mike, mwenye uso wa Radice.

Sasa tendo lile ni la nani? Yuko aliyeamuru, yuko aliyeshika kisu, na yuko aliyelipa tiketi. Radice hakuwa na nia wala mkono. Ningekuwa kadhi ningemwachia aende zake. Yeye hakujiachia: kwa miaka mingi, hadi alipofariki Aprili 2023, alisema wazi kwamba filamu hiyo anaijutia, na kwa sababu ya wanyama hasa. Naona alijihukumu sawasawa. Mwigizaji huuza uso. Kisu alikikataa, uso akauacha utumike, na bila uso ule mkono wa yule mwingine usingekuwa na hadithi.

Kazini kwetu kisu hunolewa mbali na macho ya mnyama. Hachinjwi mmoja mwenzake akitazama. Mbuzi namlaza ubavu wa kushoto, nashika taya, nasikia mapigo chini ya kidole gumba. Nataja jina la Mungu, kisu kinapita mara moja, haraka, kwa sababu kila sekunde inayozidi ni deni langu. Kwenye filamu ile mambo ni kinyume: sekunde zinazozidi ndizo bidhaa.

Kijana ninayemfundisha kazi hakukubali. "Mzee, nguruwe atajuaje kama anakufa kwa sinema au kwa kitoweo?"

Hajui, nikamwambia. Anachojua ni maumivu na urefu wake. Mengine yote yako kwetu sisi tuliosimama juu yake.

"Basi na wanaochinja ovyo siku za Idi, watoto wamezunguka wanapiga picha kwa simu?"

Hapo alinibana, maana nimewaona. Tena wapo wanaorudia kumgeuza mnyama ili picha itoke vizuri. Hata sheria haitenganishi vizuri: Uingereza ina sheria tangu 1937 inayokataza kuonyesha filamu ambayo mnyama ameteswa kweli kwa ajili yake. Lakini miaka ya 1980 wakuu wao walipoanza kusaka kanda za video zenye ukatili, Cannibal Ferox iliwekwa kwenye orodha moja na filamu ile ya Margheriti, ambayo mwigizaji ndiye aliyetobolewa, kwa rangi. Basi sisubiri sheria. Kwa Idi ya mwaka huu nimemwambia kijana: simu zote ziachwe nje ya uzio, ya kwangu ikiwamo, na mwenye mbuzi asiyetaka amtafute mchinjaji mwingine.