Miji Tunayoizunguka



Desemba iliyopita wanangu walinipakia garini pamoja na wajukuu, safari ya Malindi. Nikawasihi tuiache barabara kuu ya pwani, tupite Mazeras, Rabai na Kaloleni. Wajukuu wakaguna: "Babu, huko kuna nini?"

Rabai tulilitazama kanisa la kale. Nikawaeleza kwamba Ludwig Krapf alifika Mombasa mwaka 1844; mwaka ule ule akamzika mkewe Rosina na mtoto wao mchanga. Hakukata tamaa. Mwaka 1846 yeye na Johannes Rebmann walianza kazi hapo Rabai. Watoto wakanyamaza.

Lakini nilikuwa na sababu nyingine, ambayo sikuwaambia. Karibu na Kaloleni anakaa kaka yangu mkubwa. Tuligombana kwa ajili ya minazi ya marehemu baba, na kwa miaka 9 sikukanyaga kwake. Kila nilipokwenda Malindi nilifuata barabara ya pwani, nisionane naye.

Bwana wetu naye angaliweza kuizunguka Samaria, kama walivyofanya baadhi ya Wayahudi. Hakuizunguka. Aliketi penye kisima cha Sikari, amechoka, akaomba maji.

Nami nilibisha hodi, nikaomba maji. Kaka akaleta madafu, mkono ukimtetemeka. Habari ya minazi hatukuitaja.

Ndugu msomaji, je, wewe waizunguka Samaria ipi? Geuza njia, upite huko. Bwana amekwisha kutangulia, ameketi kisimani, anakungoja. Amina.