Haki ya Aliyemo Pichani

Kutafuta picha za zamani kwa ajili ya filamu na televisheni kuna hatua zinazojulikana. Mtafutaji hupekua orodha za hifadhi, huomba nakala ya kutazama, humsaka mwenye hakimiliki, kisha hulipia leseni, mara nyingi kwa kuhesabu sekunde zitakazotumika. Hatua zote hizo humhusu mmiliki wa filamu. Yule anayeonekana ndani yake, ambaye hakuulizwa na sasa ni marehemu, hana nafasi katika mkataba. Hata hivyo dini nyingi zinakubali kwamba maiti ana haki: asitiriwe, madeni yake yalipwe, asisingiziwe.

Haki hiyo ya mwisho ilivunjwa kwa muda mrefu katika picha za Westerbork, kambi ya Wanazi nchini Uholanzi. Mwaka 1944 mkuu wa kambi, Albert Gemmeker, aliagiza maisha ya humo yapigwe filamu, na aliyeshika kamera alikuwa Rudolf Breslauer, Myahudi aliyefungwa papo hapo. Tarehe 19 Mei alipiga picha treni ikiondoka. Kwa sekunde chache tu, msichana aliyejifunga kitambaa kichwani anachungulia kwenye upenyo wa mlango wa behewa. Sura ile ilizunguka dunia kwa miongo mingi kama alama ya mauaji ya Wayahudi, bila jina.

Mwandishi wa habari Aad Wagenaar ndiye aliyelitafuta jina hilo. Maandishi kwenye sanduku la msafiri mmoja yalisaidia kujua tarehe ya safari, na mwaka 1994 mwanamke aliyenusurika, aliyekuwa ndani ya behewa lile, akamtambua: Settela Steinbach, mtoto wa miaka 9, si Myahudi bali wa jamii ya Wasinti, aliyeuawa Auschwitz mwaka huohuo wa 1944. Waliomwonyesha kabla ya hapo hawakuwa na nia mbaya. Lakini walimnyang'anya mtoto watu wake, na wakawanyima Wasinti na Waroma ushahidi wa msiba wao, ambao ulipuuzwa kwa miaka mingi.

Mwongozaji Claude Lanzmann, katika filamu yake ya mauaji ya Wayahudi, Shoah (1985), alikataa kabisa picha za hifadhini. Hoja yake ni nzito, kwa kuwa picha nyingi za aina hii ziliagizwa na wauaji wenyewe. Ila kama filamu ya Breslauer ingeachwa kabatini, Settela asingetambuliwa kamwe. Mwongozaji mwenzake Harun Farocki alichukua njia nyingine katika filamu ya Aufschub (2007): alitumia picha za Westerbork peke yake, bila sauti, akiweka katikati yake maandishi yanayoeleza aliyeziagiza, aliyezipiga na kinachoonekana. Njia hiyo inafaa zaidi, maana inamwachia mtazamaji muda wa kuangalia huku ikimweleza kilicho mbele yake.

Wengi katika hifadhi hawatatambuliwa. Kwao, mtafutaji anadaiwa maelezo yanayotaja mahali, tarehe, mpiga picha na mwagizaji kwa kadiri vinavyojulikana, na mtu asiyejulikana aandikwe hivyo, asipewe kabila wala kisa kwa sababu tu filamu inakihitaji.