Ramadhani, siku ya 17: Damu kwenye mswaki



Jana baada ya swala ya Alasiri kijana mmoja alinivuta pembeni akaniuliza kwa sauti ya chini: "Ustadhi, nikisukutua kwenye udhu natema damu. Saumu yangu ipo kweli?" Nilimjibu palepale, ila nikaona niwaandikie wote, maana najua hayuko peke yake.

Jibu la fiqhi ni fupi. Damu kutoka kwenye fizi haivunji saumu. Kinachovunja ni kuimeza kwa kusudi. Iteme, sukutua, endelea na saumu yako. Ile iliyokupita bila wewe kuweza kuizuia, Allah ni Mwingi wa kusamehe.

Lakini kuna swali la pili ambalo kijana hakuliuliza: hiyo damu inatoka kwa nini?

Nawaambia na yangu, bila aibu. Miaka michache nyuma na mimi nilikuwa natema damu. Haikuniuma, nikanyamaza. Upande uliokuwa unatoka damu nikauogopa, nikaacha kuupiga mswaki, nikidhani naupumzisha. Kumbe ndiyo naumaliza. Fizi zikavimba, zikashuka, jino la mbele la juu likaanza kucheza, mwishowe likatoka. Mnajua mimi nafundisha watoto Qur'ani. Herufi thaa, dhaal na dhwaa zinatoka pale ncha ya ulimi inapogusa ncha za meno ya mbele ya juu. Siku ya kwanza baada ya jino kutoka, mtoto wa juzuu amma akaniangalia akasema, "Ustadhi, umekosea." Kweli nilikosea. Nilirudi nyumbani nimeinamisha kichwa.

Basi sikilizeni alivyonieleza daktari wa meno.

Kinywani kuna bakteria muda wote. Usiposafisha, wanatengeneza utando laini unaonata kwenye meno, hasa pale jino linapokutana na fizi. Utando huo ukikaa siku kadhaa unaganda, unakuwa ule ukoga mgumu wa njano au wa kahawia. Ukishaganda mswaki hauutoi tena, mpaka ukakwanguliwe na mtaalamu. Mwili nao unapambana na wale bakteria, ndipo fizi zinakuwa nyekundu, zinavimba na kutoa damu. Hatua hii bado inarudishika ukisafisha vizuri. Ukipuuza, ugonjwa unashuka chini, unakula mfupa unaoshika jino. Mfupa huo ukishaliwa haurudi wenyewe. Jino linalegea, linaanguka likiwa zima, halina hata tundu.

Shirika la Afya Duniani lilieleza mwaka 2022 kwamba ugonjwa mkali wa fizi umewapata watu zaidi ya bilioni 1 duniani. Kwa hiyo usiseme umelogwa, wala usiseme "ni uzee tu." Uzee unachangia, ila mzee anayesafisha kinywa anaweza kufa na meno yake.

*Nani yuko hatarini zaidi?*

Mvuta sigara na mtumiaji wa ugoro. Na ujanja wa sigara ni kwamba inapunguza ile damu, mtu anajiona mzima huku mfupa unaliwa.

Mwenye kisukari. Sukari ikiwa juu, fizi zinaharibika haraka, na fizi mbovu nazo zinafanya sukari iwe ngumu kushuka. Mimi nilipimwa sukari kwa sababu ya hili jino, ndipo nikajua ninayo. Alhamdulillah, jino moja lilinishtua kabla ya figo.

Mama mjamzito, kwa mabadiliko ya homoni. Mtu ambaye kinga yake ya mwili imeshuka. Anayetumia baadhi ya dawa za kifafa au za presha zinazovimbisha fizi. Huyu asiache dawa mwenyewe, akamwambie daktari. Na yule ambaye kwao wazazi walipoteza meno mapema.

*Sasa Ramadhani yetu.*

Wapo wanaoacha mswaki mwezi mzima kwa kuwa tumefundishwa kwamba harufu ya kinywa cha aliyefunga ni njema mbele ya Allah kuliko miski. Ndugu yangu, hiyo ni harufu ya njaa ya ibada. Mabaki ya chapati za daku hayamo humo. Mtume (s.a.w.) alitueleza kwamba lau si kuchelea kuutia umma wake uzito, angeamrisha mswaki kila swala. Na katika saa zake za mwisho duniani aliutazama mswaki, bibi Aisha (r.a.) akaulainisha akampa, akapiga mswaki. Mtu anaiaga dunia, bado anasafisha kinywa! Hata hili neno letu "mswaki" tumelirithi kutoka huko.

Wengi wetu tunafuata madhehebu ya Imamu Shafii, na kauli mashuhuri humo ni kuwa mswaki baada ya jua kupinduka ni makuruhu kwa aliyefunga. Makuruhu, siyo haramu, na wanazuoni wengine wengi hawaoni ubaya muda wote. Hata ukishika kauli ya kwanza, usiku wote ni wako:

1. Baada ya daku, kabla ya adhana, piga mswaki dakika 2 kwa dawa ya meno yenye floraidi. Najua maji ya alfajiri huku Ufipa yanakata meno kwa baridi. Pasha kidogo.
2. Usiku kabla ya kulala, rudia. Tende na kaimati zisilale mdomoni.
3. Mswaki uwe laini. Pale panapotoka damu usiparuke, pasafishe taratibu.
4. Damu ikiendelea wiki 2, au jino linacheza, nenda kitengo cha kinywa na meno hospitali. Na umwombe akupime sukari.
5. Mvutaji, unakaa zaidi ya saa 13 bila sigara kila siku. Mbona unaweza! Endelea na baada ya Magharibi.

Kinywa hiki ndicho kinachosoma, kinachoomba, kinachotoa salamu. Ni amana, na tutaulizwa.

Kijana wangu wa jana, kama unasoma hapa, Jumatatu nakusindikiza hospitali. Nami nina zamu yangu ya kukwanguliwa.

Ee Allah, tutakabalie saumu zetu, waponye wagonjwa wetu, na utupe nguvu ya kutunza ulichotuazima. Aamin.

Mtumie na jirani. Tukutane kesho, inshaAllah.