Wale Waliomkaribia Lazaro



Jioni moja wajukuu walituita sebuleni tuone mchezo wa kuchekesha wa Kimarekani katika televisheni. Jina lake ni Animal Control, nao ulianza kuonyeshwa Februari 2023. Wahusika ni maofisa wa mji wa Seattle, kazi yao kukamata wanyama waliopotea au wanaosumbua watu. Mmoja wao, Frank, alikuwa polisi. Alijaribu kufichua rushwa kazini kwake, akafukuzwa yeye. Sasa anapatana na wanyama kuliko wanadamu. Tulicheka sana, hatuwezi kuficha. Mtu mzima mwenye sare akihangaishwa na mbuni, nani atanyamaza?

Usiku ule, hata hivyo, usingizi ulikataa kuja. Tulimkumbuka mtoto mmoja.

Tulikuwa walimu vijana huko bara, chaki bado ngeni mkononi. Mwanafunzi wa darasa la tatu alifika asubuhi na alama za meno mguuni, ameumwa na mbwa njiani. Chuo cha ualimu kilikuwa kimetufunza kuandaa somo, si kuosha jeraha. Tulimfunga kitambaa, tukamwuliza kwa nini kaptura ya shule imechanika, tukamrudisha kwenye dawati. Jeraha lilipona. Baada ya wiki kadhaa mtoto alianza kuogopa maji. Akiletewa kikombe, koo linamkaza. Tulikwenda kumzika. Mama yake alitushukuru kwa kufika. Shukrani ile tumeibeba hadi leo.

Kichaa cha mbwa, dalili zikishatokea, huua karibu kila mara. Kabla ya hapo huzuilika: jeraha lioshwe papo hapo kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha hospitali siku hiyo hiyo kwa chanjo, hata kama ni mchubuko tu. Wala si elimu mpya. Louis Pasteur alimchanja mtoto wa miaka 9 huko Ufaransa Julai 1885, naye akaishi. Na bado hukadiriwa kuwa watu 59,000 hufa kila mwaka duniani, wengi wao Afrika na Asia.

Basi, tusome tena habari za tajiri na Lazaro katika Luka sura ya 16. Mbwa walikuja wakamramba vidonda. Wako wafasiri wasemao kuwa mbwa wale walimzidishia aibu. Wengine husema walimfariji. Sisi tunaona jambo moja lililo wazi: pale mlangoni hakuna mwingine aliyemkaribia. Tajiri alipita kila siku na nguo zake za zambarau.

Nasi je? Hapa Msimbazi Simba wetu ni klabu ya mpira, huyo twamshangilia. Mbwa wa jalalani twampigia mawe. Tunamwaga mabaki ya chakula kandokando ya mitaro, mbwa wanakuja kula, kisha twalalamika kuwa wamezidi. Watu hudhani dawa ni kuwaua. Wataalamu wamekwisha kuona kuwa wakiuawa wengine huja kushika nafasi zao, hali mbwa 70 katika kila 100 wakichanjwa ugonjwa hukosa njia. Kati ya mwaka 2010 na 2015 ilifanyika kazi kubwa ya kuchanja mbwa kusini mashariki mwa nchi yetu, Dar es Salaam ikiwemo, na Pemba pia. Kule Pemba ugonjwa ulitoweka mwaka 2014, ukarudi mwaka 2016, wakachanja tena mpaka ukatoweka mara ya pili. Waliofanya hivyo hawakuimbiwa na kwaya yoyote.

Majirani zetu Waislamu, ambao mate ya mbwa ni najisi kwao, wanayo masimulizi ya mtu aliyesamehewa dhambi kwa kumnywesha mbwa mwenye kiu. Tumewahi kusimuliwa hayo na mzee mmoja muuza kahawa, nasi Wakristo tulikaa kimya, maana tulikuwa tumetoka kumfukuza mbwa wake mlinzi kwa fimbo.

Siku ya Kichaa cha Mbwa Duniani ni tarehe 28 Septemba. Siku moja ya chanjo tulimpeleka mbwa wa mjukuu wetu. Foleni ilikuwa ya watoto watupu, kila mmoja na kamba yake, wengine kamba za katani, mmoja amefunga mbwa kwa mkanda wa suruali ya baba yake. Kijana wa mifugo alikuwa na bandeji kidoleni na jasho hadi kiunoni. Tulimwuliza kama nyumbani wanaijua kazi yake. Akacheka, akasema mkewe humtaka aoge uani kabla hajashika mlango. Kisha akamwita mbwa wetu kwa jina, akapiga goti vumbini.