Bonde la Kilombero ni amana

Mwaka 1790 Edmund Burke, mbunge wa Uingereza aliyezaliwa Dublin, aliandika kitabu kupinga Mapinduzi ya Ufaransa. Hoja yake kubwa ni kwamba jamii ni mkataba baina ya waliokufa, walio hai na ambao hawajazaliwa. Kizazi kimoja hakina haki ya kubomoa kila kilichokikuta.

Ndugu msomaji, kwa Muislamu hilo si geni. Wakfu ndivyo ulivyo: aliyetoa amekufa, sisi tunanufaika, wajao nao wana haki yao.

Lakini tutahadhari. Qur'an (2:170) inawalaumu wanaong'ang'ania ya baba zao hata kama baba hao hawakuongoka. Ukale peke yake si hoja. Burke mwenyewe aliongoza mashitaka dhidi ya Warren Hastings, gavana wa Kiingereza, kwa kuwadhulumu watu wa India, ingawa Hastings aliachiwa mwaka 1795.

Sasa tutazame Ifakara. Bonde oevu la Kilombero liliingizwa katika orodha ya Ramsar mwaka 2002, na maji yake huenda Rufiji. Mwaka 2012 serikali iliwaondoa wafugaji na mifugo yao bondeni ili kulinusuru. Nia ya kuwatunzia wajao ni njema. Lakini mfugaji, mkulima wa mpunga na mvuvi nao ni warithi. Anayewatetea wajao kwa kuwadhulumu waliopo, ameuvunja mkataba ule ule anaodai kuulinda.

Amana haina ubavu bila uadilifu. Wallahu aalam.