Ramadhani 3: Kuku wa jirani na thawabu zako



Mvua hizi wengi mnatifua matuta nyuma ya nyumba. Mchicha, bamia, mpapai mmoja karibu na ukuta. Hesabu yenu ni ya jikoni, na hakuna ubaya. Mchicha ukisiwa leo, Idi utakuwa umeshaingia sufuriani.

Mtume (s.a.w.) ametufundisha kwamba Muislamu akipanda mti, anachokula humo mtu, ndege au mnyama ni sadaka yake. Kwenye riwaya ya Muslim, hata kilichoibiwa.

Sasa wewe hukumpandia mwizi. Kuku wa jirani kaparua tuta, umemrushia jiwe, na jirani umemnunia. Hiyo sadaka bado unayo?

Naona unayo. Hakuna anayenuia kuibiwa, na bado wizi umetajwa. Ila kule kununa nako kunaandikwa, tena umefunga. Mtu anapata thawabu kwa kuku, anaipoteza kwa mwenye kuku!

Uzio weka, ni haki yako. Lakini leo ukichimba mashimo, mpapai usogeze mbali na ukuta wa watu. Na ukija kuinamia kwao, mapapai ya upande ule usiyahesabu.