Moto wa Jagina, Kiboko cha Mlowezi: Swali la Kujitwalia Haki

Filamu bubu ya Hell's Hinges (1916), ambamo William S. Hart ndiye mhusika mkuu, aghalabu husomwa kama kisa cha toba. Mpiga-bunduki Blaze Tracy anatarajiwa kumfukuza mhubiri mgeni mjini; dada ya mhubiri anamgeuza moyo; na genge la walevi linapoliteketeza kanisa, Tracy anaitia baa moto, mji mzima ukaungua. Mtazamaji huridhika. Lakini ameridhia nini hasa? Utetezi wa jagina huyu una nguzo moja tu: kwamba hapakuwa na sheria ya kukimbilia.

Nairobi, iliyoanza kama kambi ya reli mwaka 1899, iliupima utetezi huo miaka tisa kabla ya filamu. Tarehe 14 Machi 1907 Ewart Grogan, kiongozi wa chama cha walowezi, pamoja na wenzake, waliwachapa viboko hadharani Wakikuyu watatu, wavutaji wa riksho, kwa madai kwamba waliwakosea adabu wanawake wa Kizungu. Mahali palipochaguliwa ni mbele ya mahakama. Hakimu alitoka akawakataza, hawakumsikiliza. Sheria, basi, ilikuwapo, hatua chache kutoka kilipoinuliwa kiboko. Anayepiga mlangoni pa mahakama hadai kwamba haki haipo; anadai kwamba ni mali yake.

Tukio hili lamrudisha mhakiki kwenye filamu akiwa na shaka. Je, Tracy naye aliikosa sheria, au aliimiliki? Katika filamu bubu maandishi ya skrini ndiyo sauti, na kuna anayeyagawa. Waliounguliwa na nyumba zao hawakugawiwa sauti hiyo. Grogan, kwa upande wake, amegawiwa tele: ameandikiwa wasifu, na hata Chiromo, alikojenga nyumba kuelekea Westlands (leo ni bewa la Chuo Kikuu cha Nairobi), hutajwa pamoja na jina lake. Wale watatu husimuliwa kwa idadi.

Huenda ikajibiwa kwamba Grogan aliadhibiwa. Ni kweli, alihukumiwa kifungo cha mwezi mmoja. Hata hivyo, kosa lililomtia hatiani lilikuwa kushiriki mkusanyiko usio halali. Sheria iliiona amani ya mji iliyovurugwa. Migongo iliyochapwa haikuwamo katika hatia hiyo.